Mpaka Amuone Kaa

Mgeni yeyote aliyekuja kwetu Chaani kwa mara ya kwanza alipotea ndani ya korido. Si kwamba nyumba ilikuwa kubwa. Ilikuwa nyumba ya Kiswahili kama zilivyo nyingine pale mtaani: baraza mbele, korido katikati, vyumba vitatu huku na vitatu huku, uani choo na bomba lenye kiburi. Mtoto wa chekechea angeihesabu milango yote na vidole vikabaki. Lakini mlango wa kwanza kulia uliandikwa thelathini na moja. Uliofuata, arubaini na mbili. Kushoto kulikuwa na arubaini na tano, halafu kumi na tatu. Mwisho kabisa, karibu na uani, palikuwa na mia moja na nne, na mkabala wake, kana kwamba mwandishi alichoka akaamua kuanza upya, namba moja.

Namba moja nilikuwa mimi.

Mwenye nyumba, ambaye nitamwita hivyo tu kwa kuwa ndivyo tulivyomwita sote, hakuwa mwendawazimu. Naliweka hili mbele kwa sababu Wafula, askari wa zamu ya usiku aliyepanga thelathini na moja, alikuwa na maoni tofauti.

"Huyu mzee wenu ataniua," alikuwa akinilalamikia. "Namwambia fundi wa stima aje namba thelathini na moja, fundi ananiuliza, hizo zingine thelathini ziko chini ya ardhi ama?"

Kazi ya mwenye nyumba, kabla ya kustaafu, ilikuwa wakala wa forodha. Alikula umri wake pale Kipevu akitoa mizigo ya watu bandarini, na miaka hiyo ilimfunza jambo moja: kwamba duniani hakuna vitu, kuna maneno. Gari si gari mpaka karatasi iseme gari. "Neno ndilo mzigo," alikuwa akisema. "Ukikosea neno, mzigo walala." Wengine wakistaafu huacha kazi kazini. Yeye alirudi nayo nyumbani, akatufungulia sisi.

Muulizeni Wafula. Jioni moja, akiondoka na rungu lake, alisema kwa adabu zote, "Mzee, tafadhali usifunge mlango wa mbele mpaka nirudi." Alikusudia arudi kutoka dukani, alikokuwa anaenda kununua sigara kabla ya zamu. Dukani akakutana na gari la kazini, likamchukua hapo hapo. Mlango ukakaa wazi usiku kucha. Alfajiri tuliamka na mbuzi wawili wa jirani ndani ya korido, na mmoja alikuwa ameshakula pindo la leso ya mteja wangu.

"Mzee, kwa nini hukufunga?" nikamuuliza, nimeshika leso iliyobaki na maandishi nusu.

"Alisema mpaka arudi. Amerudi?"

"Ndiyo, huyo anaingia."

"Basi sasa nafunga."

Nimetaja leso. Kazi yangu ndiyo hiyo, kupiga pindo leso za watu kwa cherehani, ndani ya chumba, mlango ukiwa wazi kidogo ili wateja wajue nipo hai. Mama ndiye aliyepanga chumba kile kwanza. Alipofariki akaniachia cherehani na tabia ya kukaa ndani. Nina cheti cha fomu foo. Feri ya Likoni naiona kwenye simu za watu. Wakati mwingine mtu hunitumia salamu kutoka Kisauni, nami hushukuru kama niliyepata barua ya ng'ambo.

Sasa nieleze namba zilivyoanza, maana zilianza kwa kosa la neno, na hilo lilimuuma mwenye nyumba kuliko kitu kingine chochote maishani mwake.

Alikuwa anajenga. Slabu ya juu ilikuwa imeshamwagwa, vyuma vya nguzo vimesimama kama nywele za mtu aliyeshtushwa, na ghorofa ilikuwa ikingoja mabomba tu. Siku moja bandarini kukawa na mnada wa mizigo isiyokuwa na mwenyewe. Wenzake waligombania viti na makabati. Yeye akaona sanduku refu, karatasi yake imeandikwa "bomba na vifaa vyake," akalinunua bila kulifungua, kwa sababu yeye, kati ya watu wote, aliamini karatasi. Akalifikisha nyumbani, akavunja mbao. Ndani mlikuwa na bomba kweli, moja, nene, lina kioo kila upande, na miguu mitatu, na kijitabu.

Ghorofa ilifia pale. Darubini ikapanda slabu badala ya matofali, ikafungwa kamba kwenye kimoja cha vile vyuma ili upepo wa kaskazi usiiangushe.

Kijitabu kilikuwa ni orodha. Alitusomea barazani, tukitaka tusitake. Zamani, kasema, alikuwako Mfaransa mmoja aliyekuwa akitafuta nyota zenye mikia. Hakutaka kitu kingine mbinguni. Kila akiona kitu cheupe chenye ukungu, moyo wamruka, adhani kapata. Akitazama tena siku ya pili, kitu hakikusogea, kumbe sicho. Alipochoka kudanganyika akaandika orodha ya visivyo, ili asivitazame tena: mafungu ya nyota, mawingu ya vumbi, na galaksi nzima nzima, kila moja na namba yake. "Leo," mwenye nyumba akamaliza, kafurahi kama aliyeushinda ushuru, "nyota zake za mikia hakuna azikumbukaye. Ni hizo sizo zilizompa jina!"

Nilifikiria maisha yangu, nikaona nami nina orodha kama hiyo, ila mimi bado sijapata jina.

Wiki ile ile akashika rangi na brashi. Kila mlango ulipewa namba ya kitu kilichomfanana mpangaji. Wafula akawa ile galaksi jirani, kubwa, iliyo mbali nasi lakini "yuwaja, yuwaja, hajafika," kwa sababu ya zamu zake. Chumba cha vibarua wa bandari kikawa fungu la nyota, maana ukichungulia huwezi kujua yupi mpangaji na yupi mgeni wa mpangaji. Familia ya mabinti ikawa Kilimia: idadi yao nayo ilitegemea ni nani anayehesabu na macho yake yakoje. Hapo ugomvi wake na Mfaransa ulikuwa wa damu. "Kilimia! Kumtia namba! Wazee wetu wa Jomvu Kuu wakipanda mahindi kwa Kilimia, na huyo Mfaransa babu yake hajajua kuoga." Namba lakini aliiandika, kwa rangi nzuri kabisa.

Bi Rehema, aliyekaanga mahamri kwenye jiko la makaa mlangoni mwake, akapewa arubaini na mbili, lile wingu kubwa la moshi.

"Mimi ni moshi?" Bi Rehema akamuuliza, mwiko mkononi.

"Nyota huzaliwa humo ndani, mwanangu. Ni sifa."

Mwaka ule ule Bi Rehema akajifungua pacha, tukaanza kumwita Mama Pacha, na wanawake wa mtaa wakawa wakipita mbele ya mlango ule haraka haraka, wasichana wakisoma dua. Mia moja na nne ilikuwa ya mwenye nyumba mwenyewe: kuna galaksi yenye umbo la kofia, na kofia yake ya vito, ile ya kushonwa kwa mkono, haikumtoka kichwani hata akioga, kwa mujibu wa Mama Pacha, ambaye sikumuuliza amejuaje.

Kisha akaja kwangu.

"Kaa ndiye wa kwanza kitabuni," akaniambia. "Nyota ilipasuka zamani, Wachina wakaiona mchana kweupe. Kilichobaki ni kiwingu chenye miguu miguu, ndipo wazungu wakakiita kaa. Na weye hutoki. Weye ni kaa."

"Mzee, mimi nakaa tu."

"Ndiyo hayo hayo! Kaa wa shimoni, na kukaa, na kaa la moto. Kiswahili kimeyatia matatu kwenye neno moja, na kile kiwingu ni yote matatu. Kina miguu, ni kaa la nyota iliyoungua, na kimekaa pale pale. Mzungu kahitaji kitabu." Akanitazama juu mpaka chini. "Weye ulipasukia wapi?"

"Fomu foo, Mzee. Kwenye fizikia."

"Yaonekana."

Kutoka siku ile hakuna aliyeniita kwa jina nililopewa na mama. Hata wateja: "Kaa, leso yangu tayari?"

Mwenye nyumba alikuwa na misemo, na mmoja aliupenda kuliko yote. Kitu chenye mwanga mdogo, akisema, ukikikodolea macho kinapotea. Tazama pembeni yake kidogo, kitajitokeza chenyewe. "Kinyonge hakitazamwi usoni." Akautumia kwa kila jambo. Mtu aliyefiwa, alimpa mkono akitazama ukuta. Mama Pacha alipotoka hospitali bila nguvu, alisimama mlangoni kwake akizungumza na jiko: "Jiko, mwambie mwenyewe ale supu, ipo kwangu." Kwa watu wasiomjua alionekana ana dharau. Mimi kwa muda mrefu nilidhani ana makengeza.

Wala asije mtu akadhani namtengenezea utakatifu. Katika ile orodha ya Mfaransa, nusu ya galaksi alizipitisha kwa karatasi tu. Ilimradi kwenye kioo kuna ukungu kidogo, alipiga alama. Nilimuuliza kama ule ukungu haukuwa pumzi yake mwenyewe.

"Weye wajua ni makontena mangapi hupita Kipevu bila kufunguliwa?" akanijibu, akapiga alama nyingine.

Na ni mtu huyu huyu aliyetuzimia taa ya korido ati mato, yaani macho, yazoee kiza, tukawa tunagongana vichwa na ndoo za maji, ilhali yeye akitoka msikitini alitembea na tochi nene kama mchi. Nikamkumbusha. Akasema giza la juu lina nyota, la chini lina nyoka.

Taa za korido zilileta lile jambo la madereva. Alikuwa amesoma kwamba mwanga mwekundu hauharibu macho ya mtazama nyota. Akanunua karatasi nyekundu za nailoni, zile za kufungia zawadi, akazivisha balbu zote, mpaka ya barazani. Nyumba yetu haiko mbali na barabara ya malori. Jioni ya pili, baada tu ya Isha, tukasikia hodi. Dereva, mtu wa bara, shati limepigwa pasi.

"Habari ya jioni, mzee. Nimeona taa."

"Umeona taa, vyema. Waja kutazama?"

Dereva akababaika. "Kutazama... eeh. Kwanza kutazama."

"Hapa watu hutazama bure. Panda juu. Na usiguse kitu mpaka nikwambie."

Sisi tulikuwa nyuma ya milango tumeuma leso. Dereva alikaa kule juu muda mrefu. Aliposhuka, uso umebadilika, alinikuta koridoni akaninong'oneza, "Ndugu, ile nyota iko na pete... ni ya ukweli?" Nikamwambia ni ya kweli. Wiki iliyofuata akarudi na taniboi wake, naye aone.

Lakini madereva si wote walikuja kwa ajili ya pete, na akina mama wa mtaa wakatuma ujumbe, Mama Pacha akiwa msemaji.

"Taa nyekundu haiharibu mato," mwenye nyumba akawaeleza.

"Yaharibu jina, Mzee."

Ya barazani akaiondoa. Alijua neno lililomshinda akilisikia.

Basi katika orodha nzima kitu kimoja kilimkataa: namba moja. Nyingine aliziona au alizipitisha, ila Kaa hakutaka kumpitisha kwa karatasi. "Mzigo wa kwanza haupiti kwa karatasi," akasema. "Ukidanganya wa kwanza, umedanganya yote." Na Kaa hupanda vyema jioni za kaskazi, miezi ambayo mbingu ni safi, lakini chini yetu kuna Kipevu, na Kipevu hakulali. Mataa ya makontena yaliitia mbingu weupe kama maji yaliyooshewa mchele. Kiwingu kinyonge kama kile kingeonekanaje?

Akaamua kumfuata gizani. Akakodi tuktuk, akaipakia darubini, akaenda Mwakirunge, kule Kisauni, ambako binamu yake ana shamba na taa ni chache. Alifika wakati wa magharibi. Akatandaza miguu mitatu, akaweka bomba, akaanza kupima huku na huku. Hakukumbuka, maskini, alipo. Upande ule wa bara, mtu akionekana na miguu mitatu na kitu cha kuchungulia, ni mpima ardhi. Na mpima akija, nyuma yake huja karatasi, na nyuma ya karatasi tingatinga. Kabla nyota hazijatoka alikuwa amezungukwa na watu wenye mapanga.

"Unapima nini?"

"Sipimi ardhi, jamaa zangu. Natazama mbinguni."

Mama mmoja mzee akapaza sauti kutoka nyuma: "Hata huko mwataka kutuondoa?"

Binamu ndiye aliyemwokoa. Na watu walipotulia, wakaomba radhi, wakamwambia haya sasa tazama, jalala la jirani lilikuwa linaungua, moshi umetanda mpaka pembe za mbingu. Alirudi kwetu ananuka plastiki, akapanda slabu, akaapa kwamba Kaa atamuona kutoka kwake au hatamuona kabisa.

Mimi nilicheka sana habari ile. Nilikuwa sijajua kwamba Kaa yule atashika shingo yangu.

Mwanawe mwenye nyumba, Fadhili, alikuja kutoka Nairobi akiwa na mchoro uliokunjwa kama mkeka. Alasiri, barazani, mimi nilikuwa mlango wa mbele napiga pindo kwa mkono, Mama Pacha anapepeta unga.

"Baba, slabu iko, vyuma viko. Tupandishe ghorofa tatu. Hawa wapangaji watapewa notisi, watafute kwingine."

Sindano iliniingia kidoleni. Wengine wote walikuwa na kwao: Wafula bara, Mama Pacha kwa wazazi wake Mtongwe, vibarua popote penye sakafu. Kwetu mimi ni kile chumba. Nje ya kile chumba mimi si kaa hata wa shimoni. Ni nyama tu inayotembea.

Mwenye nyumba alitazama ule mchoro kwa pembeni, kama afanyavyo. "Nzuri," akasema. "Basi nisikize, na hawa ni mashahidi. Wallahi, siku nitakapomuona Kaa, mimi, kwa mato yangu, nikiwa juu ya slabu yangu, siku ya pili yake lete mafundi. Kabla ya hapo haligongwi tofali."

"Kaa?" Fadhili akacheka. "Baba, twende Mtongwe nikununulie ndoo nzima."

Fadhili aliondoka akidhani ni mzaha. Sisi tulijua si mzaha. Na kuanzia jioni ile mimi nikawa mfuasi mkubwa wa mawingu kuliko mkulima yeyote wa Pwani. Mvua ikinyesha, nalala nasikiliza bati la uani kama muziki. Meli mpya ikitia nanga Kipevu na mataa yake yote, roho yangu yatulia. Kulipoitishwa mkutano wa mtaa kuhusu mulika mwizi, ile nguzo ndefu ya taa, kwamba isimamishwe pembeni mwa nyumba yetu au kule sokoni, nilivaa viatu. Watu walisimama kuniangalia nikipita. Nikanyoosha mkono, nikasema iwe kwetu, kwa ajili ya usalama wa kina mama.

Mwenye nyumba alikuwa amekaa kiti cha mbele. Hakugeuka. "Leo kaa katoka shimoni," aliuambia ukuta. "Mambo ni mazito."

Mulika mwizi ikasimamishwa. Ilikesha ikiwaka mpaka uchaguzi ukapita, kisha ikawa inawaka kwa mapenzi yake. Mwenye nyumba hakuninunia. Aliendelea kupanda, jioni baada ya jioni za kaskazi, na kushuka akisema "Bado," nami nikijibu "Pole, Mzee" kwa sauti ambayo hata cherehani haikuiamini.

Halafu macho yakaanza. Mtoto wa jicho, macho yote mawili. Jicho moja likafanyiwa upasuaji, likarudi nusu. La pili daktari alilitikisia kichwa. Orodha akaikunja. Akawa anakaa barazani mchana kutwa, akitambua watu kwa miguu yao. Nilidhani mambo yameishia hapo, na chumba changu kimepona kwa njia ambayo mtu hawezi kuifurahia waziwazi.

Mpaka jioni moja ya kaskazi, watu wametoka msikitini, stima ikapotea. Si mtaa wetu, kote. Mulika mwizi ikafa. Nilikuwa natafuta mshumaa niliposikia fimbo ikigonga mlango wangu.

"Kaa! Toka. Kipevu kumezimika?"

Nikachungulia uani. Kipevu, ambako tangu nizaliwe sijaona giza, kulikuwa kweusi kama ndani ya mfuko. "Kumezimika, Mzee. Lakini majenereta yao..."

"Ndiyo nakwambia haraka. Nishike mkono."

Ngazi tuliipanda yeye mbele kwa kumbukumbu, mimi nyuma kwa woga. Juu kule nilisahau kuogopa. Sikujua kwamba mbingu ile imejaa hivyo juu ya paa letu siku zote. Alishika chuma kwa mkono mmoja, darubini kwa mwingine.

"Mimi sitoweza kuielekeza. Weye elekeza, nikwambie. Kilimia chaonekana?"

"Naam."

"Nenda kulia. Nyota nyekundu, jicho la ng'ombe."

"Nimeiona."

"Nenda kulia tena, mpaka ncha za pembe. Mbili. Shika ile ya juu. Sasa teremka kushoto, kidogo tu, kama unene wa kidole. Tazama pembeni, usikodoe."

Nikatazama pembeni. Kulikuwa na nyota chache, na weusi, weusi. Halafu, pale nisipotazama, kikatokea kitu. Kidogo. Kama mtu aliyepumua kwenye kioo.

"Waona nini?"

Neno lilikuwa moja, na lilikuwa kinywani: bado. Ningelisema, ningeshuka na kulala chumbani kwangu mpaka nizeeke, na hakuna duniani ambaye angejua.

"Kama pumzi kwenye kioo, Mzee."

"Futa kioo."

Akanipa ncha ya kanzu yake. Nikafuta. Nikatazama tena, na moyo wangu, mwongo mkubwa, ukiomba kisiwepo.

"Bado kipo. Kirefu kidogo, kimelala upande. Namuona, Mzee. Ni yeye."

Akanisogeza kwa bega, taratibu, akainama. Aliweka lile jicho lake lenye nusu. Alikaa vile muda wa kumaliza kusoma Yasini. Sikumtazama usoni, nilitazama pembeni yake, kwenye chuma, na hapo nikaona mabega yakishuka.

Akainuka. "Mimi sioni kitu," akasema. "Ni maziwa tu."

Kisha mimi, kwa kuwa mtu akishaanza kusema kweli hajui pa kuishia, nikasema, "Basi Mzee, nitaanza kufungasha. Utamwambia Fadhili."

"Ufungashe wende wapi?"

"Si uliapa? Kaa akionekana..."

"Miaka yote hiyo waishi nami na hukujifunza kitu!" Fimbo ikapiga slabu. "Nilisema akionekana? Nilisema nikimuona. Mimi. Kwa mato yangu. Mashahidi wapo. Aliyemuona ni weye, na weye hujaapa chochote."

Chini kule jenereta la kwanza likakohoa. Taa za Kipevu zikaanza kurudi, safu baada ya safu, na mbingu ikafutika kuanzia pembeni mpaka juu, Kilimia kikabaki peke yake kama kawaida yake. Akavua kofia, akaifunika darubini kwenye kioo, kitu ambacho sikuwahi kumuona akikifanya. Kisha akapapasa kwa fimbo mpaka akalipata lile kreti la soda alilokuwa akikalia, akalisukuma kwangu kwa mguu.

"Kaa," akasema.

Sikumuuliza ni yupi kati ya wale watatu. Nilikaa.